Mapicha matano ya kung fu, chagua uongo unaoutaka wewe

Mtu akikwambia "niwekee picha la kung fu" bado hajasema kitu, ni kama mtu kuingia mgahawani akaagiza "chakula". Maana kuna picha la kijana anayefanyishwa mazoezi mpaka wewe uliyekaa kwenye kochi unaumwa mabega, kuna la mlevi, kuna la watu wanaokimbia juu ya mapaa usiku bila kuvunja hata kigae kimoja, kuna la bwana mpole aliyevaa kanzu nyeusi ya Kichina anayemshindilia mtu ngumi za kifua mpaka unasahau kuhesabu, na yote hayo kwa mtaani kwetu ni "picha la Kichina" basi. Yote yana uongo. Ila uongo wake haufanani, na mi naona hapo ndo pa kuchagulia, usiulize lipi kali maana yote makali, uliza uongo upi unaweza kuumeza bila kusonya.

Nimechukua matano yanayojulikana na yanayopatikana: Enter the Dragon la Bruce Lee la 1973, The 36th Chamber of Shaolin la 1978 la Gordon Liu, Drunken Master la Jackie Chan nalo la mwaka huohuo 1978, Crouching Tiger, Hidden Dragon la 2000 lililoongozwa na Ang Lee, na Ip Man la 2008 la Donnie Yen. Najua wapo watakaouliza mbona Jet Li hayupo, mbona Sammo Hung hayupo, tulieni, Sammo yupo kwa mlango wa nyuma na Jet Li nitamgusa huko chini.

Tahadhari: nitasimulia mambo yaliyomo ndani, ukiona unaharibiwa utamu jilaumu mwenyewe, mengine yana miaka karibu hamsini sokoni.

Mazoezi, au kwa lugha nyingine mateso

Kanuni ya kwanza ya picha la kung fu, steringi lazima adundwe mapema. Adundwe vizuri tu, damu mdomoni, afu ndo aende kumtafuta mwalimu, na mwalimu akipatikana hafundishi ngumi. Anafundisha kubeba maji. Sijui ni kwa nini China yote ya sinema ilikuwa na shida ya maji kiasi kile.

Hapa mfalme ni 36th Chamber hamna ubishi. San Te, ndo Gordon Liu mwenyewe, anakimbilia hekalu la Shaolin baada ya watawala kuwamaliza watu wake, anaambiwa kuna vyumba thelathini na tano vya mafunzo, na yeye kwa kiherehere chake anataka kuanzia cha juu kabisa. Anaingia, anakuta wazee wamekaa wanasoma sala, haelewi hata neno, anarushwa nje. Basi anaanzia chini. Na chini ni nini? Ni njia ya kwenda kula! Kuna dimbwi la maji, katikati kuna magogo yanaelea, unatakiwa uyakanyage uvuke ukapate wali, ukitumbukia unalowa na chakula kinakupita. Jamaa anatumbukia, anatumbukia tena, anaamka usiku kwenda kufanya mazoezi ya kuvuka kwenda kula. Kisha inakuja ile ya ndoo: mikono kainyoosha pembeni, ndoo za maji zinaning'inia, na mikononi kafungwa visu vinavyoelekea mbavuni, akichoka akashusha mikono anajichoma mwenyewe. Hakuna mwalimu wa kumpigia kelele, kisu ndo mwalimu. Kuna chumba cha macho, unawekwa katikati ya vijiti vya ubani vinavyowaka kushoto na kulia, taa inayumba mbele yako, uifuate kwa macho tu maana ukigeuza kichwa unaungua shavu. Kuna chumba cha kichwa, mifuko ya mchanga inaning'inia na wewe unaipiga kichwa mmoja baada ya mwingine mpaka ufike mwisho. Nikiangalia hiki chumba huwa najisemea kwamba hapa ndo wengi tungerudi kwetu kulima.

Sehemu kubwa ya katikati ya picha ni hayo tu na hauchoki, ndo maajabu yake. Uongo wake uko wapi? Uongo ni kwamba bidii inalipwa. Kila chumba ukikimaliza unapandishwa, hakuna mjomba wa mkuu wa hekalu anayepita pembeni. Mi uongo huu naununua kwa bei yoyote.

Drunken Master lina mazoezi karibu hayohayo ila yamegeuzwa kuwa vichekesho. Jackie Chan ni Wong Fei-hung, na Wong Fei-hung alikuwa mtu wa kweli, tabibu na mwalimu wa ngumi wa kusini mwa China, alizaliwa 1847 akafariki 1925, kwa Wachina ni mtu wa heshima zake, kuna mwigizaji anaitwa Kwan Tak-hing alimwigiza kwenye mapicha zaidi ya sabini na yote kamwigiza mzee mwenye busara. Sasa hawa wakaja wakamfanya kijana mtukutu, mvivu, anayemsumbua binti wa watu sokoni kumbe ni binamu yake, anadundwa na mama wa yule binti ambaye kumbe ni shangazi yake. Baba anachoka, anamkabidhi kwa mzee mmoja ombaomba pua nyekundu, mlevi, anaitwa So. Kuna kukalishwa mkao wa farasi, vikombe vya chai vimewekwa mapajani na kichwani, na chini ya makalio kijiti cha ubani kinawaka. Mzee anamning'iniza kichwa chini, achote maji ndoo ya chini kwa vikombe vidogo ainuke kwa nguvu ya tumbo amwage kwenye ndoo ya juu. Ukijaribu nyumbani utapelekwa kwa fundi wa mgongo.

Tofauti ni kwamba San Te anavumilia, huyu anaiba. Mzee akigeuka tu kijana anatega, anadanganya, anatoroka kabisa mpaka akutane na jambazi la kumnyoosha ndo arudi na adabu. Na utegaji unamrudi mwishoni: kuna mitindo minane ya miungu walevi, mmoja ni wa mwanamke, jamaa akaona aibu akaurukia, kufika pigano la mwisho mtindo uliobaki ni uleule, inabidi aubuni palepale huku anapigwa. Wanafunzi wa kusoma usiku wa mtihani hili picha ni lenu.

Enter the Dragon na Ip Man hayana mazoezi ya maana, steringi keshaiva tangu dakika ya kwanza. Ip Man anajigongea mti wake wa mazoezi pale nyumbani kidogo, anakunywa chai, biashara imeisha. Kama wewe huna subira ya ndoo na magogo hapo ndo penye nafuu yako.

Ila ya Crouching Tiger imenichekesha kuliko zote na watu huwa hawaioni. Binti Jen kajifunza kwa kitabu! Mwalimu wake Jade Fox aliiba kitabu cha siri cha Wudang, chuo cha mabingwa wa upanga, ila mama hajui kusoma, miaka yote anafuata michoro tu, huku mwanafunzi wake mtoto wa afisa anasoma maandishi kimyakimya, siku wanapigana mwalimu ndo anashtuka kumbe katoto kalishampita zamani. Mtu kaua, kaiba, kajificha miaka, kashindwa kwa sababu ya kutokwenda shule.

Foleni ya maadui

Hii kila mtu anaijua. Maadui ishirini, steringi mmoja, ila wanakuja mmojammoja, wengine wanazungukazunguka nyuma wanarukaruka wanatisha hewa wakisubiri zamu, kama kuna mtu anagawa namba. Sababu yake ya kweli ni kwamba wale waongozaji wa Hong Kong walipenda kuonyesha pigano kwa kirefu, kamera imekaa mbali uone mguu unakotoka na unakofika, pigo na kinga vyote vimepangwa kama ngoma, sasa watu kumi wakirusha kwa pamoja hakuna kinachoonekana na steringi anakufa, na steringi hafi.

Namna kila picha linavyoitatua hii foleni ndo utaona tofauti. Kwa Bruce Lee foleni inaeleweka kwa sababu kila mtu anayekuja anaondoka kwa pigo moja au mawili, hakuna muda wa wawili kukutana, ile sehemu ya chini kwenye mapango ya kisiwa walinzi wanamiminika na ye anawapunguza tu, na ukiwa na jicho angalia yule anayekamatwa nywele akavunjwa shingo, ni Jackie Chan huyo, wakati huo kijana wa stanti, wale wa kuanguka na kupigwa kwa niaba ya wengine, asiyejulikana na mtu.

Ip Man linaitatua kwa jeuri. Bwana anaingia kwenye ukumbi wa Wajapani, kaona mwenzake kapigwa risasi kwa sababu ya gunia la mchele, anasema nataka kupigana na kumi. Kumi kwa pamoja! Wanamzunguka duara, na ukiangalia kwa makini bado wanakuja wawiliwatatu, ila hasira ya pale ni nzito hata hukumbuki kulalamika. Mwandaaji wa mapigano ni Sammo Hung, nilisema yupo.

Jackie ye anatatua kwa kufanya kitu ambacho steringi wengine wanaona aibu kukifanya: anakimbia. Anajificha nyuma ya benchi, anapanda meza, anapiga mtu afu anashika mkono wake mwenyewe kwa maumivu. Kwa mtu mwenye akili timamu hiyo ndo kung fu ya kweli. Ukilipenda hili tafuta na Police Story la 1985, humo amevunja vioo vya duka mpaka vijana wake wa stanti wakawa wanaliita hilo picha kwa utani "habari za vioo", na akateleza kwenye nguzo yenye taa toka juu mpaka chini akaungua mikono. Na mwisho wanaonyesha zile sehemu walizoumia, mapicha mengine yanaficha makosa, haya yanaringia.

Wazee wenye ndevu na watu wenye vishungi

Kwenye picha la kung fu umri unafanya kazi kinyume. Ukiona kijana mwenye misuli ujue atakufa kabla ya nusu saa, ukiona babu mwembamba nyusi nyeupe anapapasa ndevu taratibu, kimbia. Kuna adui wa mapicha ya Shaw Brothers, kampuni ya sinema ya Hong Kong, anaitwa Pai Mei, mzee mweupe kotekote, ukimpiga teke sehemu za siri anazivuta ndani na mguu wako unanasa humohumo anakuburuta. Naapa ipo, Executioners from Shaolin la 1977, kaigiza Lo Lieh, na huyohuyo Lo Lieh ndo jenerali adui kwenye 36th Chamber.

Afu ule mtindo wa nywele, upara mbele na kishungi kirefu nyuma, wageni wanadhani ni fasheni. Ile ilikuwa amri ya utawala wa Qing, Wamanchu walioishika Beijing mwaka 1644, wanaume Wahan, yaani Wachina walio wengi, walilazimishwa kunyoa hivyo kuonyesha utii. Ndo maana mapicha mengi ya enzi hizo adui ni ofisa wa Manchu na steringi ni mtu wa Shaolin anayetaka kuurudisha utawala uliopita wa Ming, na ndo maana Gordon Liu na upara wake kamili alionekana shujaa kabla hajarusha hata teke. Ukilijua hili 36th Chamber linakuwa tamu mara mbili, maana unaelewa kwa nini San Te mwishoni hataki kubaki na ujuzi hekaluni anataka kufungua chumba cha thelathini na sita cha kufundisha watu wa kawaida wa nje, huo ni uchochezi kabisa, si michezo.

Kwa kishungi chenyewe mtaalamu ni Jet Li, Once Upon a Time in China la 1991, anaigiza Wong Fei-hung uleule ila wa heshima, pigano la mwisho ni juu ya ngazi. Ukilinganisha na ule wa Jackie hutaamini ni mtu mmoja.

Bunduki ziko wapi?

Swali la mtoto yeyote wa miaka saba. Enter the Dragon walau linajibu: Lee mwenyewe anauliza kwa nini mtu asichukue bastola akamalize kazi, anaambiwa Han hataki bunduki kisiwani kwake. Haya. Jambazi la kimataifa, linauza madawa, lina jeshi, lina kisiwa, halitaki bunduki, badala yake kakata shauri kuvaa mkono wa makucha ya chuma. Mi nimemeza, picha liendelee, maana bila hivyo tusingepata kile chumba cha vioo ambapo Lee haoni adui yuko wapi mpaka aanze kuvunja kioo kimojakimoja.

Ip Man ndo limenishinda. Mle bunduki zipo, kila mtu anaziona, zimeshikwa na wanajeshi pembeni ya jukwaa muda wote, na hazilii mpaka mtu amalize kupigana. Steringi anaachwa amvunjevunje jenerali Miura mbele ya umati mzima, kila pigo, kila kiwiko, ndo baadaye ofisa anakumbuka ana bastola anampiga ya bega. Ndugu, ulikuwa unasubiri nini? Na kama ulidhani yote ni historia, hapana, Ip Man wa kweli alikuwepo, 1893 hadi 1972, mtu wa Foshan, na kweli alimfundisha Bruce Lee huko Hong Kong, ila hayo mapambano na jenerali ni ya waandishi. Ukiangalia, furahia, usije ukabishana nayo kijiweni kama ushahidi.

Meza na viti

Mgahawa kwenye picha la kung fu una ghorofa moja juu na kizuizi cha mbao dhaifu. Kazi ya kizuizi ni kuvunjika. Mwenye mgahawa kazi yake ni kuingia chini ya kaunta, na wateja huwa wanaendelea kuja kesho yake sijui kwa nini. Hakuna anayelipa. Drunken Master ndo pekee kati ya haya linaloligusa suala la bili: Jackie anakula mezani anaagiza kila kitu akidhani kuna mjinga atalipa, hana senti, pigano linaanza na wahudumu, kama kuna wakati nilimwelewa adui kwenye picha ni hapo.

Crouching Tiger nalo lina mgahawa wake, Jen kavaa nguo za kiume na dunia nzima imekubali kwamba ni mwanaume, uso ule, hereni tu ndo hakuna, wanakuja mabingwa wenye majina marefu kama risala, mmojammoja anajitambulisha cheo chake na jina lake, afu anapigwa. Binti anapigana huku anajisifia kwa mashairi. Jengo linabaki nguzo. Hiyo ya mwanamke kuvaa kiume bila kushtukiwa ni kanuni ya zamani, Cheng Pei-pei alishaifanya kwenye Come Drink with Me mwaka 1966, na kwa waliokuwa hawajui huyohuyo Cheng Pei-pei ndo Jade Fox, mama wa kitabu cha michoro.

Kwenye Ip Man nyumba ndo mgahawa. Anakuja mbabe wa kaskazini nyumbani kwa watu kutaka pigano, Ip Man kwa upole wake anakwepa tu, vyombo vinavunjika, mpaka mtoto anaingia na baiskeli yake ya magurudumu matatu na ujumbe: mama kasema usipopigana vitu vyote vitavunjika. Anayeogopwa mle ndani kweli ni mke.

Kupaa

Hapa ndo watu wanagawanyika vibaya. Crouching Tiger watu wanapaa, hawaruki, wanapaa, wanatembea ukutani, wanateleza juu ya maji, wanapigana kwenye vilele vya mianzi inayoyumba na sura zao zimetulia kabisa. Waigizaji walifungwa waya afu waya zikafutwa kwa kompyuta, aliyepanga mapigano ni Yuen Woo-ping, na huyohuyo ndo aliyeongoza Drunken Master miaka zaidi ya ishirini nyuma, mzee mlevi mle ndani ni baba yake mzazi. Yaani mtu mmoja kawafundisha watu kuanguka afu akaja kuwafundisha kutoanguka.

Tatizo la huku kwetu, wengi wakiona mtu anapaa wanazima. "Huu uchawi." Ila picha la aina hii lina jadi yake, ni hadithi za mashujaa wa upanga ambazo Wachina wanazisoma na kusimuliana toka zamani sana, mle ndani mtu aliyeufikia mwisho wa mafunzo mwili wake unakuwa mwepesi, ni kanuni ya hadithi, haina tofauti na sungura kuongea. Ukikubali hilo unafurahi. Usipokubali utateseka saa mbili, na katikati kuna dakika nyingi za jangwani ambapo jambazi kaiba kitana cha Jen na binti anamfukuza jangwa zima kwa ajili ya kitana, mapenzi yanaanzia hapo. Mi naipenda, kuna jamaa zangu huwa wanaenda kununua vocha muda huo. Limechukua Oscar nne hata hivyo, kwa hiyo kitana nacho kina heshima zake.

Mapenzi kwenye mengine manne sina cha kuandika. Hakuna.

Sauti

Mdomo unasema dakika nzima, sauti inasema "Ndiyo". Au kinyume chake. Hii wengi wanadhani ni wizi wa kanda, la, Hong Kong miaka hiyo picha lilipigwa bila sauti, sauti zote zikaingizwa baadaye studio, maneno kwa Kimandarini au Kikantoni, kisha Kiingereza kwa soko la nje, na Kiingereza chenyewe kilifanywa na watu wachache walewale ndo maana babu na mhudumu na jenerali wote wanafanana sauti. Ule mlio wa ngumi kama mbao inavunjika nao umetengenezwa, hata mkono ukikosa shabaha unalia "fwaa". Sasa juu ya hapo sisi tukaongeza tabaka letu, DJ Afro Kenya, Lufufu enzi zake hapa Tanzania, anatafsiri, anampa adui jina la mtaani, anacheka, anakueleza kinachokuja kabla hakijaja. Kwa 36th Chamber na Drunken Master tafuta la kutafsiriwa ukilipata, halipungui kitu, linaongezeka. Kwa Crouching Tiger usithubutu, weka sabtaito, mle watu wanaongea kwa kunong'ona na kunyamaza na hakuna DJ anayejua kunyamaza. Ip Man lolote sawa.

Sasa ulichague vipi

Mapicha yote matano yanacheza kati ya saa moja na nusu na saa mbili kwa hiyo muda usiwe sababu.

Kama hujawahi kuangalia kung fu kabisa, au uko na watoto wakubwa kidogo, Drunken Master. Pombe imo nyingi, hilo waeleze, ila damu kidogo na kucheka sana, na mwisho wake ni ule wa kizamani, adui akishaanguka tu picha linakata hapohapo, hakuna mazishi hakuna harusi, jipangie mwenyewe. 36th Chamber nalo linafunga haraka hivyohivyo. Nikiambiwa nibaki na moja nabaki na hilo 36th Chamber, ila sikushauri uanze nalo, anza na la mlevi ucheke mazoezi ndo uje huku uyaheshimu.

Uko na mke au mchumba ambaye kasema hataki ngumi, Crouching Tiger, mnunulie na leso. Michelle Yeoh na Chow Yun-fat wanapendana picha zima bila kushikana mkono inavyotakiwa, inauma.

Huna hamu ya vichekesho, umetoka kazini umeonewa na bosi, Ip Man, halina mjadala. Yapo manne, 2008, 2010, 2015 na 2019, la pili lina pigano la Donnie Yen na Sammo Hung juu ya meza ya duara ambalo ni bora kuliko chochote cha la kwanza, ila hadithi inashuka kadri namba inavyopanda, na la tatu limemweka Mike Tyson kwa sababu ambazo sijazielewa.

Enter the Dragon nasema kwa unyonge kidogo maana mashabiki wa Bruce watanila nyama: kama picha, hadithi yake ndo nyembamba kuliko yote hapa, mashindano, kisiwa, mpelelezi, basi. Unaliangalia kwa ajili ya mtu mmoja tu, na huyo mmoja anatosha. Alifariki Julai 20, 1973, miaka 32, kabla hata halijatoka. Ukiwa dukani au unatafuta mtandaoni soma jina vizuri, maana baada ya kifo chake walizuka kina Bruce Li, Bruce Le na Dragon Lee, nywele zilezile, kelele zilezile, miwani ileile, kava limeandikwa BRUCE kwa herufi kubwa na herufi ya mwisho imefichwa pembeni. Hayo usiyalipie, yakitokea bure kwenye YouTube saa tano usiku na usingizi haupo, hiyo ni juu yako.